Lord Swansea, kutoka shaba mpaka shabaha: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Kila nikimtaja huyu mzee watu wananiuliza maswali yaleyale, kwahiyo nimeona niyaweke yote sehemu moja. Mimi mwenyewe nilimkuta kwa bahati tu. Nilikuwa napitia matokeo ya Michezo ya Jumuiya ya Madola ya 1966 pale Kingston, Jamaika, ile ambayo Naftali Temu alimuacha Ron Clarke wa Australia kwenye maili sita halafu Kipchoge Keino akabeba maili moja na maili tatu, nikashuka chini mpaka kwenye ulengaji shabaha nikakuta dhahabu imeenda Wales kwa mtu aliyeandikwa Lord Swansea. Swansea si mji? Na Lord anafanya nini amelala kifudifudi kwenye jua la Jamaika na bunduki begani? Nikaanza kuchimba na mpaka leo sijaacha.

Kwa kifupi, alikuwa nani?

John Hussey Hamilton Vivian, Baroni wa nne wa Swansea. Kazaliwa 1925, kafariki 2005. Alikaa kwenye Baraza la Malodi kule London, lile baraza la bunge ambalo halichaguliwi na wananchi, kama mwanasiasa wa kurithi, na wakati huohuo alikuwa mlenga shabaha wa kimataifa wa timu ya Wales, medali ya dhahabu 1966 na ya fedha 1982. Kwenye siasa jambo lililomfanya asimame mara nyingi zaidi kuongea lilikuwa sheria za silaha, yaani maisha yake mawili yalikuwa yanakutana palepale.

Mbona jina lake ni Vivian halafu anaitwa Swansea?

Hili linachanganya wengi, hata mimi lilinichanganya. Uingereza mtu akiwa na cheo cha ubaroni anaitwa kwa jina la cheo, na cheo chao kilifungwa kwenye mji wa Swansea, kusini mwa Wales. Kwahiyo kadi ya matokeo inaandika "Lord Swansea" au "Lord John Swansea" lakini ukoo ni Vivian. Ukimtafuta tafuta kwa majina yote mawili, na angalia usimchanganye na Lord Vivian, hao ni tawi lingine la ukoo huohuo na wana ubaroni wao tofauti kabisa.

Hela na cheo vilitoka wapi?

Vilitoka kwenye shaba. Hapa ngoja nikae kidogo kwasababu bila hii huwezi kumuelewa.

Akina Vivian asili yao ni Cornwall, upande wa Truro, sehemu yenye migodi ya shaba lakini haina makaa ya mawe. Kuyeyusha shaba kunakula makaa mengi mno, tena zamani ilihitaji tani nyingi za makaa kwa tani moja ya shaba, sasa mfanyabiashara mwenye akili hasafirishi makaa kwenda kwenye shaba, anasafirisha shaba kwenda kwenye makaa. Makaa yalikuwa Swansea, na bandari ipo hapohapo. Mwaka 1810 wakafungua kiwanda cha Hafod kando ya mto Tawe, na John Henry Vivian ndo akakikuza mpaka kikawa moja ya viwanda vikubwa kabisa vya shaba duniani. Karne ya 19 sehemu kubwa ya shaba ya dunia ilikuwa inayeyushwa kwenye lile bonde, meli zinaleta mawe ya shaba kutoka mpaka Cuba na Chile, zinazunguka bahari zote kwa ajili ya moto wa Swansea.

Wafanyakazi walijengewa kijiji chao kabisa, kikaitwa Trevivian, na shule ikawepo. Lakini moshi nao ulikuwa haumwachi mtu. Salfa ile iliua majani na miti bondeni, wakulima wakashtaki, akina Vivian wakatafuta mpaka wanasayansi wakubwa kama Humphry Davy na Michael Faraday wasaidie kupunguza moshi. Bonde la chini la Swansea lilibaki jangwa mpaka karne ya 20 ndo likaanza kusafishwa na kupandwa miti upya. Nasema hivi maana mtu akisoma neno "Lord" anaona jumba na farasi tu, kumbe nyuma yake kuna kikohozi cha watu wengi.

Mtoto wa John Henry, yaani Henry Hussey Vivian, akawa mbunge kuanzia 1852 mpaka 1893, akawa pia mwenyekiti wa kwanza wa halmashauri ya kaunti ya Glamorgan, na huo mwaka 1893 akapewa ubaroni. Huyo ndo Lord Swansea wa kwanza.

Ni kweli alikuwa Lord akiwa mtoto?

Kweli kabisa. Baba yake, Odo Vivian, Baroni wa tatu, alifariki 1934. Kijana alikuwa na miaka tisa. Umri huo wengine tunatumwa dukani, yeye tayari barua zinakuja zimeandikwa Lord. Lakini kuketi kwenye Baraza la Malodi huwezi mpaka ufike miaka 21, kwahiyo alikuwa na cheo bila kiti mpaka 1946.

Na kuna upande wa pili ambao watu wanausahau. Lord wa kurithi enzi hizo alikuwa haruhusiwi kupiga kura kwenye uchaguzi wa wabunge wala kugombea ubunge. Mpaka ilipokuja sheria ya 1963 ndo ikawezekana kukikana cheo ukitaka kwenda Baraza la Makabwela, lile la wabunge wa kuchaguliwa. Yaani kile kiti kilikuja chenyewe, hakuna aliyemuuliza kama anakitaka.

Kwahiyo alikuwa mwanasiasa kweli au mwenye cheo tu?

Swali zuri na naulizwa sana. Hakuchaguliwa na mtu, hilo tuseme wazi, na mimi siupendi mfumo wa kutunga sheria kwasababu baba yako alikuwa mtunga sheria. Ila ndani ya huo mfumo kulikuwa na wale ambao hawakuwahi kuonekana miaka nenda rudi, na kulikuwa na wale waliokuja, wakakaa, wakasoma miswada kifungu kwa kifungu. Yeye kwenye mambo ya silaha alikuwa wa kundi la pili. Anajua tofauti ya bunduki hii na ile, anajua klabu zinaendeshwaje, anajua cheti cha polisi kinavyopatikana, na alikuwa anasimama kuyasema.

Kingston 1966 ilikuwaje?

Ilikuwa mara ya kwanza ulengaji shabaha kuingizwa kwenye hii michezo, ambayo kipindi hicho jina lake lilikuwa refu, Michezo ya Dola ya Uingereza na Jumuiya ya Madola. Mashindano ya shabaha yalikuwa matano tu, mengi ya bastola, moja la raifo ndogo ambalo Gilmour Boa wa Kanada alichukua, na moja la raifo kubwa. Hilo la raifo kubwa ndo Lord Swansea akalibeba, akiwa na miaka 41. Kwahiyo jina lake ndo la kwanza kabisa kwenye orodha ya mabingwa wa mashindano hayo.

Kinachonigusa hapa ni timu ya Wales yenyewe. Michezo hiyohiyo Lynn Davies alishinda kuruka chini, na Lynn Davies ni mtoto wa mchimba makaa wa Nantymoel. Sasa fikiria, mtoto wa mchimba makaa na mjukuu wa wenye viwanda vilivyokula makaa hayo wanavaa jezi moja nyekundu na wote wanarudi na dhahabu. Kwenye mchanga wa kurukia kuna futi ya kupimia, kwenye shabaha kuna matundu ya kuhesabu, na wote wawili walipimwa hivyohivyo.

Raifo kubwa ndo nini hasa? Si kulala na kufyatua tu?

Hapana jamani, hapa ndo watu wanaudharau huu mchezo bila kuujua.

Wenyewe wanaita fulbo, yaani bunduki ya risasi kubwa kama zile za kijeshi, siku hizi milimita 7.62, inayopakia risasi moja moja kwa mkono. Mlengaji analala kifudifudi, mkanda umefungwa mkononi kushikilia bunduki, na haruhusiwi darubini juu ya bunduki, anatumia tundu dogo la nyuma na duara la mbele basi. Mbali kunaanzia yadi 300 na kunafika yadi 1,000, hiyo ni zaidi ya mita 900, weka viwanja tisa vya mpira vifuatane halafu mtu akuonyeshe duara jeusi kule mwisho. Risasi yenyewe inachukua zaidi ya sekunde nzima kufika.

Na ndani ya hiyo sekunde kuna upepo. Upepo wa kawaida tu wa pembeni, ule wa kupeperusha nguo kwenye kamba, kwenye yadi 1,000 unaisukuma risasi zaidi ya mita mbili kutoka pale ulipolenga. Kwahiyo mlengaji mzuri kazi yake kubwa ni kusoma bendera zilizopangwa uwanjani na kuangalia ule mvuke wa joto unavyocheza juu ya majani, anarekebisha lile tundu la kulengea, anasubiri, upepo unageuka, anarekebisha tena, na wakati huohuo muda unamwishia. Bunduki imetulia muda wote, kichwa ndo kinakimbia. Mtu wa jahazi angeelewa hii haraka kuliko askari.

Pointi zinaenda hivi: katikati ni tano, na ndani ya hiyo tano kuna duara dogo zaidi linaloitwa V, linalotumika kuamua watu wakifungana. Kule mwisho kuna watu wamejificha kwenye handaki, kila risasi ikipita wanaishusha shabaha, wanaweka alama pale ilipotoboka, wanaipandisha tena ili mlengaji aone. Inaenda taratibu sana. Ukiangalia mara ya kwanza unaweza kuchoka, ukiangalia mara ya tatu huwezi kuondoka.

Bisley ni wapi na kwanini kila mlengaji anaitaja?

Bisley iko Surrey, kusini magharibi ya London, na kwa walenga shabaha wa Uingereza na nchi za Jumuiya ya Madola ndo nyumbani. Chama chao cha taifa cha raifo kilianzishwa 1859, mashindano ya kwanza yakafanyika 1860 kwenye uwanja wa wazi wa Wimbledon na risasi ya kwanza ikafyatuliwa na Malkia Victoria mwenyewe. Baadae nyumba zikajaa Wimbledon, ikawa hatari, wakahamia Bisley 1890. Kuna uwanja wa Century wa mpaka yadi 600 na wa Stickledown kwa masafa marefu.

Zawadi kubwa kuliko zote ni ile ya Malkia au Mfalme kutegemea nani yuko kwenye kiti, na mshindi anabebwa kwenye kiti cha machela anazungushwa klabu moja hadi nyingine. Mwaka 1930 alibebwa mwanamke, Marjorie Foster, wa kwanza kushinda, na wanaume wote nyuma yake, miaka ambayo michezo mingi ilikuwa haijafikiria hata kumuweka mwanamke na mwanaume mstari mmoja.

Na hapo Bisley kuna mechi ambayo ni kama ilitengenezwa kwa mtu kama Lord Swansea: Malodi dhidi ya wabunge wa Makabwela, wanagombea kombe linaitwa Vizianagram, jina la maharaja wa India. Mabaraza mawili ya bunge moja yanamaliza ubishi kwa kulenga karatasi.

Dhahabu ya 1966 haikuwa bahati?

Angalia Brisbane 1982. Miaka 16 imepita, mzee ana miaka 57, kaingia tena kwenye raifo kubwa akatoka na fedha, nyuma ya Arthur Clarke wa Uskoti tu. Nyumbani Tanzania tunaikumbuka Brisbane kwa Gidamis Shahanga kushinda mita 10,000 na Juma Ikangaa kumkaba Robert de Castella kwenye marathoni mpaka mwisho, wakapishana sekunde 12. Ikangaa na Lord Swansea wote walirudi na fedha, mmoja kwa mapafu, mwingine kwa kusoma upepo. Miaka 57 si umri wa bahati. Ni umri wa mtu ambaye amelala kwenye nyasi zilezile kila msimu tangu ujana, mvua jua, akiandika kila risasi kwenye daftari.

Alisema nini kuhusu sheria za silaha?

Hapa ndo penye uzito, naomba tuende polepole.

Agosti 1987 mtu mmoja aliua watu 16 katika mji wa Hungerford. Serikali ikaleta sheria ya 1988 iliyopiga marufuku raifo kubwa zinazojipakia zenyewe. Halafu tarehe 13 Machi 1996 mtu mwingine akaingia shule ya msingi Dunblane, Uskoti, na bastola alizokuwa anazimiliki kihalali, akaua watoto 16 na mwalimu wao. Marafiki wa familia zilizofiwa wakaanzisha petisheni waliyoipa jina la ua la theluji, ua pekee lililokuwa limechanua msimu ule, ikasainiwa na watu zaidi ya 700,000. Mwaka 1997 zikapita sheria mbili, ya kwanza chini ya John Major ikaondoa bastola kubwa, ya pili chini ya Tony Blair ikaondoa na zile ndogo za .22. Bastola zaidi ya 160,000 zikarudishwa kwa serikali na wenyewe wakalipwa fidia.

Lord Swansea mara zote mbili alisimama upande wa walenga shabaha. Hoja yake kwa ujumla ilikuwa kwamba wanachama wa klabu wanaofuata sheria wanaadhibiwa kwa kosa la mtu mmoja na kwamba mchezo mzima unauliwa.

Kitu kimoja nakiona muhimu na watu hawakitaji. Bunduki ya mchezo uliompa medali haikuguswa na sheria yoyote kati ya hizo. Raifo ya fulbo inapakiwa kwa mkono, sio ya kujipakia, sio bastola. Angeweza kukaa kimya akaendelea kwenda Bisley kila Julai. Alikuwa anatetea mchezo wa wenzake.

Na wewe unaona alikuwa sahihi?

Nimeulizwa hili mara nyingi na sitaki kulikimbia. Naona alikosea kuhusu bastola. Namheshimu, naelewa uchungu wa mtu kuona mchezo aliojifunza kwa miaka 30 unafutwa kwa kura, na ni kweli walenga bastola wa Uingereza waliumia, ikabidi wawe wanaenda kufanya mazoezi nje ya nchi, na Michezo ya Jumuiya ya Madola ilipokuja Manchester 2002 serikali ilibidi itoe ruhusa maalum ili mashindano ya bastola yafanyike Bisley. Hayo ni maumivu ya kweli. Lakini nikiweka upande mmoja mchezo na upande mwingine darasa la watoto wa miaka mitano na sita, sioni ningewaambia nini wale wazazi. Mchezo unaweza kwenda kufanyika nchi nyingine.

Ila kwenye hoja yake ya kwamba sheria iandikwe na watu wanaojua kitu wanachokiandikia, hapo niko naye. Na yeye alijua.

Kuna wanasiasa wengine wa Uingereza waliokuwa walenga shabaha?

Wapo. Ninayempenda zaidi ni Sir Philip Richardson. Olimpiki ya London 1908 mashindano ya raifo yalifanyika Bisley, yeye akawa kwenye timu ya watu sita ya raifo ya kijeshi, kila mtu anafyatua risasi 90 kwenye masafa sita kuanzia yadi 200 hadi 1,000. Marekani wakapata pointi 2,531, Uingereza 2,497, kwahiyo fedha. Baadae akawa mbunge wa Chertsey, hukohuko Surrey, kuanzia 1922 mpaka 1931. Yeye alianza na medali akaja kwenye siasa kwa kura, Lord Swansea alianza na cheo ndo akaitafuta medali. Mwingine ni Thomas Fremantle, Lord Cottesloe, naye alishindana 1908.

Mchezo wenyewe bado upo kwenye Jumuiya ya Madola?

Ulitoka 1970, ukarudi 1974 na ukaendelea mpaka 2018. Birmingham 2022 haukuwepo kabisa na India walichukia sana maana ndo kapu lao la medali. Mimi nimeumia kwa sababu nyingine, fulbo haipo Olimpiki, kwahiyo hii michezo ndo ilikuwa dirisha lake kubwa. Ukitaka kuuona siku hizi nenda Bisley mwezi wa saba, kuna timu zinatoka nchi nyingi tu.

Cheo kiko wapi sasa hivi?

Alipofariki 2005 kilienda kwa mtoto wake Richard, Baroni wa tano. Lakini sheria ya 1999 ilishaondoa haki ya kuingia Baraza la Malodi kwa kurithi tu, wakabakizwa 92 kwa mpango maalum, kwahiyo kilichorithiwa safari hii ni jina, kiti hakikuja nalo.

Nikienda Swansea naweza kuona nini cha kwao?

Nyumba ya ukoo, Singleton Abbey, ndo ofisi za chuo kikuu cha Swansea, wanafunzi wanapita humo wakifuatilia mambo yao na bustani yake imekuwa ya umma. Hafod kuna magofu ya kiwanda kando ya Tawe, kuta za matofali na majengo ya mashine za mvuke, baadhi yamekarabatiwa. Miti imerudi bondeni. Ukisogea mbele kidogo kuna uwanja wa mpira wa Swansea City, uko kwenye ardhi hiyohiyo ya shaba.